Maji Imeisha

Kaka yangu Harun huzima koili ya jiko la umeme kabla chai haijachemka. Husema joto lililobaki linatosha kumalizia kazi, na kweli chai huchemka wakati stima imeshazimwa. Mama humwambia huo ni ubahili wa kujisumbua bure. Harun humimina chai. Tangu utotoni alikuwa mtu wa kutumia kidogo: sabuni kidogo, maneno kidogo, hasira kidogo sana. Nyumbani kwetu Bondeni, mjini Nakuru, alisifiwa kwa hilo, na mimi dada yake nilimwiga.

Mwaka wa 2007 alikuwa akisimamia saiba ya Varun, chumba cha kompyuta za kukodi, juu ya duka la mbegu na dawa za mifugo, si mbali na soko. Siku za kazi palijaa watu wa kutuma maombi ya kazi na wanafunzi kama mimi, tuliotoka chuoni Njoro kuja kupiga chapa insha zetu. Jumamosi alasiri palikuwa kimya. Varun, aliyeachiwa jengo na baba yake mzee Mahesh, hakupenda kukaa pale siku hiyo. Alimwachia Harun funguo na kumwambia wacheze wanavyotaka, mradi mteja akija apewe kiti.

Mchezo wao ulikuwa na jina refu la Kiingereza. Wao waliuita Ngome. Wachezaji watatu, kila mmoja kwenye kompyuta yake, waliingia pamoja katika ngome iliyo chini ya ardhi na kupigana na majini, majoka na wafalme waliokufa zamani. Kiprugut, kijana wa boda boda aliyeegesha baiskeli yake chini ya ngazi, alikuwa ngao. Kazi yake ilikuwa kusimama mbele na kupigwa. Chepngeno, aliyeuza mbegu katika duka la chini, alikuwa mchawi wa moto. Harun alikuwa mganga, wa kuwaponya wenzake wasife. Ndiyo maana walimwita Daktari.

Kila mwenye uchawi alikuwa na mrija wa buluu pembeni mwa kioo, na kila alipotumia uchawi mrija ulishuka. Kwenye maelezo ya mchezo kilichokuwa ndani ya mrija kiliitwa mana. Kiprugut, aliyeimba kwaya kanisani, alilikataa jina hilo siku ya kwanza. Alisema mana ni chakula cha Waisraeli na hakuna mahali imeandikwa kilikuwa cha buluu. Siku hiyo hiyo mrija wa Chepngeno ulipokauka, yeye akatangaza kwamba maji imeisha, na tangu hapo ikawa maji. Sisi nyumbani, ambao babu zetu walitoka Pwani, tungesema maji yamekwisha. Lakini ndani ya saiba ile nilijifunza kwamba maji imeisha.

Harun aliipenda hesabu ya maji kuliko mapigano yenyewe. Alikuwa na uchawi mdogo wa kuponya, walioupa jina Kiganja, na mkubwa walioupa jina Mto. Kiganja kilikula maji thelathini na kuponya mia moja. Mto ulikula mia tatu na kuponya mia sita. Alinieleza haya siku moja nikiwa nasubiri printa, huku macho yakimng'aa kama mtu anayesimulia harusi. Kila tone la Kiganja, alisema, linafanya kazi kuliko tone la Mto. Na ukimwagia Mto mtu mwenye jeraha dogo, yanayozidi yanamwagika chini na hayarudi. Kisha kulikuwa na siri nyingine: mganga akikaa kimya kidogo, asitumie uchawi wowote, maji huanza kujaa yenyewe, tena upesi. Kwa hiyo Harun alijifunza kunyamaza kati ya uchawi na uchawi. Pete zote alizozipata ngomeni alichagua zile za kurudisha maji haraka. Zile za kuongeza nguvu alimpa Chepngeno.

Chepngeno alimbishia kila Jumamosi. Yeye alivaa pete za nguvu vidole vyote, akawasha moto wake wote katika dakika ya kwanza, na majini yakaanguka kabla hayajamfikia. Alisema nguvu nayo ni akiba. Kama pete inafanya Kiganja kiponye mia na hamsini kwa maji yale yale thelathini, basi si imeokoa maji? Harun alifikiri, akakubali kwamba hesabu ni sahihi, na hakubadilisha pete.

Mganga aliweza pia kumgawia mwenzake maji yake. Chepngeno alipokaukiwa aliita kutoka kwenye kompyuta yake ya dirishani, bila kugeuza kichwa, "Daktari, maji imeisha." Na Harun, naye bila kugeuza kichwa, alijibu, "Subiri, itarudi." Ilikuwa kama salamu yao. Chepngeno alicheka, akajificha nyuma ya nguzo mpaka mrija wake ulipojaa tena. Sikumwona Harun akimgawia zaidi ya mara chache, na kila mara alihesabu kwanza.

Kwamba Harun alimpenda, mimi nilijua, Kiprugut alijua, na nadhani hata Varun alijua. Hakumwambia. Kulikuwa na mambo ya dini na ya nyumbani, kwetu na kwao, lakini si hayo yaliyomzuia. Alikuwa akingoja wakati unaofaa.

Novemba walifika kwa Malkia wa Chumvi, mwisho wa ngome. Nilikuwepo. Maelezo yalisema vita vyake vina awamu tatu, na ya tatu ndiyo inayoua. Harun alijipanga kwa ajili ya hiyo ya tatu. Katika awamu ya pili Kiprugut alianza kulegea, Chepngeno akaomba maji, Harun akamwambia asubiri. Akaomba tena. Kisha Kiprugut akaanguka, Chepngeno akaanguka, na Malkia akamgeukia mganga peke yake. Kioo kilipokuwa cheusi, mrija wa Harun ulikuwa bado na nusu.

Kiprugut alimtania kwamba ni daktari anayezikwa na dawa zake mfukoni. Chepngeno hakutania. Alizungusha kiti, akamtazama.

"Hayo maji," akauliza, "ulikuwa unampelekea nani?"

Harun alimweleza awamu ya tatu. Alieleza vizuri, na hesabu yake haikuwa na kosa. Chepngeno alisikiliza hadi mwisho kisha akasema, "Lakini hatukufika huko." Akachukua mkoba wake akashuka ngazi.

Waliahidiana kujaribu tena baada ya sikukuu. Kiprugut alienda kwao Bomet kwa Krismasi. Uchaguzi ukafanyika, matokeo yakatangazwa, majirani wakaanza kufukuzana kwa kabila, na mengine kila mtu wa Nakuru anayajua. Varun alishusha mapazia ya chuma na kumwambia Harun asije mpaka atakapoitwa. Chuo chetu hakikufunguliwa. Nikakaa nyumbani na vitabu ambavyo sikuweza kuvisoma.

Chepngeno alikuwa akiishi Kaptembwo na mama yake, mwenye pumu. Wiki ya kwanza ya Januari Harun alimpigia simu. Alisimama uani karibu na kamba ya nguo, akitafuta maneno. Nilimsikia akisema, "Mkifika mahali hamuwezi, niambie. Gari iko." Kisha akakata, akabaki ameishika simu kana kwamba ni kitu cha moto. Kwa Harun hiyo ilikuwa hotuba.

Gari lilikuwa pikapu ya Baba, aliyosambazia mkate madukani. Katika siku zile ilikuwa mali kubwa kuliko ilivyoonekana. Baba, mzee Bashir, alijulikana mitaa yote, na vijana wa vizuizini, wa kila upande, walikula mkate. Walimfungulia njia. Tatizo lilikuwa mafuta. Vituo vingi vilikuwa vikavu, na palipopatikana foleni ilizunguka mtaa. Baba alipunguza safari zake, na Harun akachukua kazi ya kulinda tangi. Alihesabu kichwani: kwenda Kaptembwo, kurudi, na ikibidi kuwafikisha wawili hao hadi Kericho kwa ndugu zao. Kiasi hicho hakikuguswa.

Jirani yetu Shosho Wariara, bibi kizee, alikuja mlangoni siku moja. Alitaka kupelekwa Bahati kwa binti yake, maana nyumbani alibaki peke yake na hakuwa akilala. Bahati si mbali. Harun alimwambia kwa adabu kwamba mafuta hayatoshi, Shosho, tungoje kidogo. Shosho alisema haya, mwanangu, akarudi kwake. Baba alisikia kutoka ndani. Alimuuliza Harun mafuta yale anamwekea nani. Baba hakungoja jibu, kwa sababu alishajua.

Mwishoni mwa mwezi maji ya mfereji yalikatika mitaa mingi. Alhamisi Chepngeno alimwandikia Harun kwamba maji imepotea tangu juzi, na foleni ya bomba la jirani haiendeki. Waliandikiana kidogo juu ya hilo, mzaha mzaha. Ijumaa asubuhi ukaja ujumbe mwingine: "Daktari, maji imeisha."

Harun alikuwa ameketi kizingitini akivaa viatu. Mawazo yake yalikuwa kwenye mfereji, kwa kuwa hata kwetu mapipa yalikuwa yamefika chini na Mama alikuwa akilalamika tangu alfajiri kwamba maji yamekwisha. Alitabasamu kwa kuitwa Daktari, maana hakuitwa hivyo tangu Desemba. Akajibu: "Hata huku. Subiri, itarudi."

Jibu likaja upesi: "Sawa daktari."

Aliondoka na mitungi kwenda kisimani msikitini. Alirudi amejaza yetu, na mmoja zaidi wa njano akaufunga kwa kamba nyuma ya pikapu. Nilipomuuliza, alisema ni wa Chepngeno na mama yake, atawapelekea kukitulia kidogo. Nakumbuka jinsi alivyoujaza mpaka shingoni na kukaza kifuniko ili lisimwagike hata tone.

Alasiri moshi ulionekana upande wa magharibi. Harun alipiga simu, ikasema mteja hapatikani. Alipiga tena na tena hadi betri ikaisha, akachomeka, akapiga. Alitaka kutoka. Baba alisimama mbele ya gari na kumwambia kwamba jua linazama, kafyu imetangazwa, hakuna kutembea usiku, na askari hawali mkate wake. Jumamosi asubuhi walienda pamoja. Nyumba aliyokuwa akikaa Chepngeno ilikuwa imesimama, mlango uko wazi, ndani hamna kitu. Mtu wa nyumba ya pili kutoka hapo alisema wale mama na binti waliondoka jana mchana na mabegi mawili, wakafuata wengine hadi polisi, na kwamba kulikuwa na lori.

Walirudi na mtungi ukiwa umejaa, na mafuta yakiwa karibu kama yalivyokuwa. Harun alienda moja kwa moja kwa Shosho Wariara kumwambia sasa wanaweza kwenda Bahati. Palikuwa na kufuli. Shosho alikuwa ameondoka kwa mkokoteni wa mwuza makaa.

Maji ya mfereji yalirudi Jumapili.

Saiba ilifunguliwa tena Aprili. Kiprugut hakurudi, alituma salamu kwamba amepata kazi ya shamba kwao. Namba ya Chepngeno iliendelea kutopatikana. Duka la chini lilimwajiri msichana mwingine, Jepchumba, ambaye hakumjua mwenzake aliyemtangulia. Jumamosi Harun aliketi kwenye kompyuta yake akafungua Ngome peke yake. Mganga hawezi kwenda popote peke yake katika mchezo ule, kwa hiyo alisimama tu langoni na mrija wake umejaa.

Chepngeno alikuja Julai. Nilikuwa pale, nikipiga chapa, nikamwona akipanda ngazi akiwa amekonda na kukata nywele. Alikuwa amekuja kuchukua barua ya utumishi kutoka duka la chini, kwa sababu amepata kazi kama ile Kericho. Harun alisimama. Watu wengine wangesema pole, au wangelia. Yeye alisema kitu alichokuwa nacho mdomoni kwa miezi.

"Maji yalirudi ile Jumapili. Nilikuwa nimekuwekea mtungi."

Chepngeno alimtazama. "Maji gani?"

"Uliniandikia. Kwamba maji imeisha."

Alikaa kwenye kiti kilichokuwa karibu, kile cha dirishani, kiti chake. Kisha akamuuliza, bila ukali, kama mtu anayemuuliza mtoto, "Wewe Harun, maji ya mfereji si tunasemanga imepotea?"

Ni kweli. Nimekulia Nakuru na sikuwahi kulifikiria. Stima hupotea, maji ya bomba hupotea, na siku moja huonekana. Ndivyo Chepngeno alivyoandika ile Alhamisi. Kinachoisha ni kile ulichokuwa nacho mkononi mwako.

Alimsimulia yaliyobaki kwa sauti ya chini. Vijana walikuwa wamepita asubuhi ile na kuwapa hadi mchana waondoke. Walikuwa wakinyang'anya watu simu na kusoma nani anaita nani. Akawaza kwamba akiandika maneno yale, atakayeyasoma ataona ni habari za bomba tu, na mtu mmoja peke yake Nakuru nzima ataelewa kwamba wamefika mahali hawawezi.

"Na huyo mtu akaniambia nisubiri," alisema. "Kwa lori nikaanza kucheka. Mama akaniuliza nacheka nini. Nikamwambia daktari amesema itarudi."

Lori lilikuwa limebeba chokaa siku iliyotangulia, na sakafu yake haikufagiwa. Safari yote vumbi lilipanda. Kifua cha mama yake hakijapona tangu siku hiyo. Sasa hulala akiwa ameketi, ameegemea mto ukutani, na mlango wa chumba ukiwa wazi.

Harun alisema alidhani ni mfereji. Alisema mafuta yalikuwepo, aliyaweka kwa ajili yao, hakumpa mtu yeyote, hata Shosho wa jirani alimnyima. Alikuwa akiongea haraka, maneno mengi kuliko niliyowahi kumsikia akisema mfululizo, na kila neno lilifanya mambo kuwa mabaya zaidi.

"Najua ulikuwa umeweka," Chepngeno alimkatiza. "Shida yako haijawahi kuwa kukosa."

Kisha alimweleza kwamba kuna watu wameshakuja kwao Kericho kuzungumza posa, watu wazuri, na mama yake amewapokea. Alilisema hilo akiangalia kioo cha kompyuta kilichozimwa. Akangoja. Nilikuwa nimeacha kupiga chapa. Nilimwona Harun akitafuta maneno, akipima, kama alivyozoea, na nilitaka kumwambia amwage yote, maneno yoyote, hata ya kijinga, lakini mimi pia si msemaji, na hayo hayakuwa yangu kusema. Nyayo zikasikika ngazini, mteja akaingia akiuliza kama kuna nafasi. Chepngeno akasimama kumpisha kiti.

"Haya, Daktari," akasema. Aliniaga na mimi kwa jina, "Malak, soma vizuri," akashuka.

Baadaye jioni Harun alinionyesha simu yake. Alikuwa bado na ujumbe wote. Nilisoma lile jibu la mwisho, "Sawa daktari," na nikaelewa kwa nini hakuweza kulifuta. Kwa nusu mwaka alikuwa akilisoma kama maneno ya mtu aliyeridhika.

Hajabadilika sana. Bado huzima koili mapema. Shosho Wariara alirudi kutoka Bahati mwezi Agosti na kumletea viazi, akimwita mwanangu kama kawaida, na nadhani Harun angependa zaidi kama angemkasirikia. Ngome ameiondoa kwenye kompyuta zote, na Varun hakuuliza sababu.

Kitu kimoja tu ndicho kipya. Juzi Mama alimwandikia akiwa kazini kwamba maji yamekwisha, apite kisimani akirudi. Kabla Mama hajaiweka simu mezani, ikalia. Nilikuwa karibu, nikasikia sauti ya Harun, ya juu, imekata pumzi, na kishindo cha miguu yake ikishuka ngazi kwa kasi.

"Maji gani, Mama?"

"Maji gani tena?" Mama akasema. "Ya kupikia."

Upande wa pili kishindo kikakoma. Kisha Harun akasema atakuja nayo, na Mama akakata, akanigeukia kuniuliza huyu kaka yangu siku hizi ana nini, ukimwandikia jambo dogo anapiga simu kama kuna msiba.